Usichome Mpaka Kumbe

Mamkubwa wangu, dada yake mkubwa mama, alikuwa nesi wa chumba cha sindano, na mtaa mzima ulimwita Mama Kumbe. Jina hilo alipewa na watoto, na watoto wakishakupa jina huna pa kukata rufaa. Hata mganga mkuu wa zahanati alilitumia kwenye vikao vya wafanyakazi, bila kucheka.

Alilipata kwa namna yake ya kuchoma. Mtoto aliingia akipiga mayowe, kang'ang'ania nguo ya mama yake, mwili wote umekakamaa. Mamkubwa hakumtazama. Alikuwa na shughuli zake: analowesha pamba spiriti, anapanga vichupa, anainua sindano kwenye mwanga wa dirisha. Kisha, kama mtu anayejisemea mwenyewe, aliuliza, "Hivi nyie mnajua pweza ana mioyo mingapi?"

Mtoto alipunguza sauti. Hakuwa ameacha kuogopa, ila kelele zake mwenyewe zilimzuia kusikia.

"Si mmoja tu?" alijibu mama wa mtoto, maana watu wazima nao waliingia mtegoni.

"Mitatu. Na damu yake ni ya bluu."

"Kumbe!" alisema mtoto, na hapo hapo, juu ya hiyo kumbe, sindano ilikuwa imeshaingia na kutoka. Mtoto alibaki akiusubiri uchungu kama mtu anayesubiri mgeni aliyekwisha kupita. Halafu aliuliza swali ambalo wote waliuliza, wakubwa kwa wadogo: "Umeshachoma?"

"Zamani," Mamkubwa alijibu, na kuita anayefuata.

Alikuwa na maelezo yake. Alisema mtu akisema kumbe ya kweli pumzi humtoka, mabega hushuka, na kwa kitambo kidogo mkono unakuwa hauna mwenyewe. Hapo ndipo pa kuingia. Ukiwahi, mkono bado una mwenyewe. Ukichelewa, mwenyewe amesharudi. Kuna manesi waliochoma haraka kuliko yeye na kuna waliokuwa na mkono mwepesi zaidi, lakini watu walivuka mitaa miwili mitatu kuja kwake.

Mimi nayajua haya kwa sababu nililelewa kwenye benchi la nje ya chumba hicho. Mama yangu alifanya kazi ya zamu katika kiwanda cha sabuni, kwa hiyo nikitoka shule nilipitiliza zahanati, nikala mkate na chai ya chupa ya Mamkubwa, nikafanya hesabu zangu nikiwa nimekaa na wagonjwa. Mpaka leo nikinusa spiriti naona njaa. Nakumbuka ukuta uliopakwa rangi ya mafuta ya kijani nusu ya chini, ili mikono ya watoto ifutike, na chokaa nusu ya juu. Nakumbuka sufuria ya kuchemshia sindano za kioo, maana niliziwahi mwishoni mwishoni, zikigongana ndani ya maji na kutoa mlio mwembamba. Kulikuwa na stuli ya mgonjwa yenye mguu mmoja mfupi, na Mamkubwa aliikatalia katakata kutengenezwa. Alisema stuli ikiyumba kidogo mtu hushughulika na stuli.

Kitu kimoja hakukisema hata mara moja. Manesi wengine wote walisema "haitauma", hata kabla hujakaa. Yeye hakusema. Siku moja mama mmoja alimwomba, "Nesi, si umwambie tu mtoto kwamba haiumi, atulie?" Mamkubwa akamjibu, "Sisemi nisilolijua." Nilidhani ni jeuri tu ya kazi.

Kwa sababu hiyo hiyo hakuvumilia mambo ya kutunga. Yale ya kushangaza aliyokuwa nayo yalitoka kila upande: redio, magazeti yaliyofungia sabuni, kamusi kubwa ya picha iliyokosa jalada. Lakini mengi yaliletwa na wagonjwa. Mtu mzima aliyepangiwa sindano za siku kadhaa alitakiwa aje na lake, na asipokuja nalo alichomwa kavu. Refa wa mpira wa mtaani, aliyekuja na jipu, ndiye aliyemletea habari kwamba kadi za njano na nyekundu alizibuni refa mmoja aliyekuwa akiendesha gari akatazama taa za barabarani. Bwana mmoja wa sinema, aliyekaa kwenye chumba cha juu na mashine yake ya kuonyeshea filamu, alimwambia kwamba vile vishindo vya farasi tunavyovisikia kwenye filamu, wakati mwingine si farasi kabisa, ni mtu amekaa studio anagonganisha vifuu vya nazi. Habari hiyo iliumaliza msimu mzima wa chanjo ya surua. Watoto walitoka pale wakipiga vifuu mtaani mpaka majirani wakaja kulalamika.

Kila alipoletewa jambo aliuliza swali lake: "Nani kakwambia?" Usipokuwa na jibu, jambo lako lilitupwa pamoja na pamba zilizotumika. "Mtoto ukimdanganya," alisema, "atagundua. Labda kesho, labda akiwa na miaka kumi. Na siku hiyo mkono wake hautakuamini tena, wala mkono wa nesi mwingine hautauamini."

Mimi nilikuwa mzigo wake. Sijui nilizaliwa na kasoro gani, lakini kumbe haikunitoka. Akinichoma chanjo au dawa ya malaria alijaribu kila alichokuwa nacho. Aliniambia kwamba kipepeo huonja chakula kwa miguu. Aliniambia kwamba wakati mapiramidi yanajengwa bado walikuwepo tembo wenye manyoya, wanaishi kwenye kisiwa cha baridi huko mwisho wa dunia. Mimi nilimtazama usoni, nikasema, "Kwa hiyo?"

"Kwa hiyo nini?"

"Kwa hiyo sisi tufanye nini?"

Alishusha sindano akanitazama kwa majonzi. "We mtoto ni ugonjwa," alisema, akanichoma hivyo hivyo nikiwa macho, na iliniuma. Ndipo akaanza kuniita Bibi Kwahiyo, na jina hilo limenifuata mpaka kwenye ndoa. Nadhani ndiyo maana niliishia kuwa fundi cherehani. Sindano nazijua, ila nachoma kitambaa, na kitambaa hakihitaji kuambiwa chochote.

Kila mwaka waliletwa wanafunzi wa uuguzi kujifunza kwa vitendo, wasichana na wavulana wenye sare zilizopigwa pasi mpaka zinasimama zenyewe. Mamkubwa aliwapanga ukutani, akawaambia jambo moja tu: "Usichome mpaka kumbe." Wapo waliocheka. Wapo waliodhani bibi huyu amechoka, wakasubiri aondoke ili wachome walivyofundishwa. Mmoja mmoja alikaa, akatazama, akajaribu, na nilimwona Mamkubwa akisimama nyuma yake mikono ameifunga, midomo inatembea kama anasali. Kisha muda wao uliisha, wakapanda gari la chuo wakaenda zao. Hakuna aliyerudi hata kusalimia. Hilo lilimuuma kuliko alivyokiri. "Ndivyo inavyotakiwa," aliniambia siku moja akikunja koti lake. "Sindano nzuri ni ile iliyosahaulika. Sasa utamkumbukaje aliyeichoma?"

Alistaafu mwaka ambao zahanati ilihamia jengo jipya. Tulipita pale baadaye, tukakuta chumba cha sindano kimekuwa stoo, na ile rangi ya kijani imefunikwa na maboksi mpaka juu. Mamkubwa alichungulia dirishani, akasema wameiweka stuli yake chini kabisa, itavunjika.

Mama yangu alipofariki, Mamkubwa alihamia kwangu. Ninaishi mji mwingine, mbali na kule, kwenye nyumba yenye chumba cha mbele ninachoshonea. Alikaa karibu na cherehani, akaanza kuwashangaza wateja wangu. Mwanamke anakuja kupima gauni, anaambiwa asitikisike, na huku anaulizwa kama anajua kwamba zamani, kabla ya saa za kengele, walikuwepo watu ambao kazi yao ilikuwa kupita alfajiri na fimbo ndefu wakigonga madirisha ya waliolala ili wawahi kazini. Nilipima viuno vingi vizuri kwa sababu ya watu hao wa fimbo.

Lakini dunia ilikuwa imegeuka. Wateja, hasa wadogo, walianza kutoa simu. Mamkubwa akisema jicho la mbuni ni kubwa kuliko ubongo wake, msichana anagusa kioo mara mbili, anasema, "Ni kweli, bibi, iko hapa," kisha anaendelea na mambo yake. Hakuna aliyebisha wala kushangaa. Yalikuwa yote yapo hapo mfukoni, na kitu kilichopo mfukoni hakimtoi mtu pumzi. Mamkubwa alipunguza kidogo kidogo, halafu siku moja niliona amekaa na mteja mwanzo mpaka mwisho bila kumwambia neno. Niliikumbuka zahanati kwa nguvu siku ile. Mimi, Bibi Kwahiyo, nilitamani mtu yeyote aingie mlangoni aseme kumbe.

Kisukari alikuwa nacho kwa muda mrefu na alikitibu kwa vidonge. Halafu vidonge vikashindwa. Kilianza kidonda kwenye kidole cha mguu, kidonda cha kiatu tu, kikakataa kupona. Daktari wa kliniki, kijana mpole mwenye miwani, alikitazama kwa muda mrefu kuliko nilivyopenda. Alisema sukari lazima ishuke, na kwa hali ilivyo haitashuka bila insulini, kila siku. Asipoanza, alisema, atapoteza kidole, na baada ya kidole hawezi kutuahidi mguu.

"Vidonge vinatosha," alisema Mamkubwa.

"Bibi, havitoshi."

"Basi niongezeeni."

Daktari alinitazama mimi. Mimi nilimtazama Mamkubwa, nikaona kitu ambacho sikuwahi kukiona katika maisha yangu yote ya benchi na chai ya chupa. Mikono yake ilikuwa imeng'ang'ania nguo yake mwenyewe, na mwili wote umekakamaa.

Nilimuuliza nyumbani. Alikanusha, akanuna, akaomba chai, mwishowe akasema. Alikuwa anaogopa sindano. Hakuwa amechomwa na mtu tangu alipokuwa msichana. Chanjo za wafanyakazi alizikwepa kwa ujanja wa kila namna, na akiugua alimeza vidonge vikali mpaka masikio yakavuma. Wazazi wake walijua, mama yangu alijua, na wote walikuwa wameondoka na siri hiyo.

"Wewe? Wewe uliyechoma mji mzima?"

"Ndiyo maana," alisema. "Wao walikuwa hawajui kinachokuja. Mimi nakijua. Nani ataniambia jambo nisilolijua?" Kisha akasema polepole, akitazama mguu wake, "Bora mguu."

Nililia jikoni, sikumficha. Nilimkasirikia pia. Mtu uliyemtegemea akuambie dunia ilivyo hana ruhusa ya kuwa mwoga kuliko wewe, ndivyo nilivyoona wakati ule. Lakini hasira haikushusha sukari. Kujichoma mwenyewe hangeweza hata angetaka, mikono ilikuwa imeanza kutetemeka na macho yameingia ukungu. Kwa hiyo ilibaki mimi, na ilibaki kutafuta jambo moja tu ambalo Mama Kumbe halijui.

Nilidhani itakuwa rahisi. Nina simu kama watu wengine. Daktari alitupa boksi la kwanza la dawa na sindano ndogo sana, fupi kama kipini, akanionyesha kwa haraka namna ya kuchoma, akatuambia tujaribu wakati tunasubiri siku ya mafunzo. Nilikaa nikasoma mpaka macho yakauma, nikachagua, nikaja na sindano nimeificha nyuma ya mgongo.

"Mamkubwa, unajua kwamba pomboo akilala..."

"Nusu ya ubongo inalala, nusu iko macho, na jicho moja wazi. Weka hicho kitu chini."

Nilikuja na sayari ya Zuhura, ambako siku moja ni ndefu kuliko mwaka. Alikuwa nayo tangu enzi za redio ya mbao. Nikaja na paka, kwamba hawezi kuonja utamu wa sukari. "Heri yake," alisema. Nikaja na makopo ya chakula, kwamba yalibuniwa miaka mingi kabla ya kifungulio, watu wakawa wanayapasua kwa patasi na nyundo. Alinirekebisha jina la chuma kilichotumika. Kila jambo nililolibeba kwa shida kutoka mwisho wa dunia nililikuta limeshafika kwake, limekaa, limekunywa na chai.

Mwisho nikatunga. Nilimwambia kuna samaki wa mtoni anayepiga chafya upepo ukigeuka.

Alinitazama. "Nani kakwambia?"

"Nimesoma."

"Wapi?"

Nikaishusha sindano.

"Muongo," alisema, na akavuta shuka mpaka kidevuni. "Sasa hata ukija na la kweli sitaliamini. Nilikufundisha nini pale benchini?" Kidonda siku hiyo kilikuwa kimeanza kutoa harufu. Nilikisafisha nikiwa nimebana pumzi, na yeye akatazama ukutani.

Siku ya mafunzo ilifika, nikaenda kliniki peke yangu kwa sababu alikataa kuinuka. Tulikuwa watu wachache kwenye chumba kidogo, kila mmoja ana mgonjwa wake nyumbani: mzee mmoja na mkewe, dereva wa lori aliyekuwa na mtoto mgonjwa, na mimi. Aliyetufundisha alikuwa nesi mwanaume, mtu wa makamo mwenye kitambi na sauti ya taratibu. Alitupa kila mmoja kipande cha sifongo cha kujaribia. Nawa mikono, alisema. Bana ngozi ya tumbo hivi. Shika sindano kama kalamu. Mimi nilikuwa nafuata kwa mikono tu. Kichwa changu kilikuwa nyumbani, chini ya shuka.

Dereva alikuwa na haraka. Alibana sifongo akaikita sindano kwa nguvu.

"Hapana, hapana," alisema nesi. "Usichome mpaka kumbe."

Niliinua uso.

"Mpaka nini?" aliuliza dereva.

"Kumbe. Ndivyo tunavyosema sisi kwenye kazi. Mwambie mwanao kitu cha kumshangaza, chochote cha kweli. Atasema kumbe, pumzi itamtoka. Hapo mkono hauna mwenyewe. Ndipo unaingia."

Sifongo ilinidondoka. Nilimuuliza, na sauti yangu mwenyewe niliisikia iko mbali, hilo limeandikwa kwenye kitabu gani.

"Halimo kitabuni, dada. Nilifundishwa na sista mmoja nilipokuwa mwanafunzi, huko nilikosomea. Yeye naye alifundishwa na mwingine. Wote tunasema hivyo. Nina mwenzangu yuko wodi ya watoto kule mpakani, na yeye husema hivyo hivyo kwa wanafunzi wake."

"Nani alianzisha?"

Alifikiri kidogo, kwa heshima, kama mtu anayeulizwa nani alianzisha kunawa mikono. "Sijui," alisema. "Nadhani imekuwepo siku zote."

Sikumwambia. Jina lake lilinijia mdomoni, nikalimeza, maana Mamkubwa alikuwa na sheria kwamba jambo la kushangaza usilipoteze njiani, linapoa. Nilimwomba tu arudie tena, pole pole, na aniambie yule sista alikuwa wapi, na mwenzake yuko wodi gani, nikayashika yote kichwani. Mzee na mkewe walinitazama kwa wasiwasi kwa sababu nilikuwa nacheka na machozi yananitoka. Nilinawa uso kwenye bomba la nje nikakimbilia nyumbani.

Alikuwa ameketi kwenye kiti chake karibu na cherehani, mguu juu ya stuli, redio imezimwa. Niliweka boksi mezani mbele yake, safari hii bila kuficha kitu. Nilinawa mikono. Nikavuta dawa kwenye sindano nikaiinua kwenye mwanga wa dirisha, na nikaona amenitazama jinsi nilivyoiinua.

"Usijisumbue," alisema.

"Sijisumbui. Fungua vifungo vya chini."

"Bibi Kwahiyo, nimeshasema."

"Nina jambo. Nikishindwa leo, nalifunga hili boksi na sitakuuliza tena."

Labda alichoka, labda aliona uso wangu. Alifungua vifungo viwili, akafumba macho, na tumbo lake lilikuwa gumu kama ubao. Nilibana ngozi.

"Unajua manesi wa kliniki ya hapa," nilisema, "wakimfundisha mtu kuchoma, humwambia nini?"

"Nawa mikono."

"Humwambia, usichome mpaka kumbe."

Alifumbua macho. Kwa muda nilifikiri nimelikosa. Kisha akauliza, kwa sauti ya chumba cha sindano, ile ya zamani:

"Nani kakwambia?"

"Nesi mwenyewe, leo, kwa mdomo wake. Mwanaume, ana kitambi. Alifundishwa na sista mmoja kule alikosomea, na sista alifundishwa na mwenzake. Yuko mwingine wodi ya watoto mpakani, anawafundisha wanafunzi hivyo hivyo. Wanasema kwamba mkono hauna mwenyewe, maneno yako yale yale. Nimemuuliza nani alianzisha. Hajui. Anadhani imekuwepo siku zote."

Aliniangalia kwa muda, na nikaona midomo yake ikijikunja kwa ule uchokozi wake. "Kwa hiyo?" alisema.

Nilistahili. Miaka yote ile nilistahili.

"Kwa hiyo, Mamkubwa, hivi sasa tunavyoongea, kuna mtoto mahali usipopajua amekaa kwenye stuli, anaambiwa habari za pweza. Na hajalia."

Aligeuza uso dirishani. Nilimwona anawahesabu wale wanafunzi wa sare ngumu, akitafuta ni yupi aliyelibeba neno lake. Mabega yake yalishuka, kwanza moja, kisha la pili.

"Kumbe," alisema.

Haikuwa kwa sauti. Ilitoka na pumzi yote aliyokuwa nayo, na chini ya vidole vyangu nilihisi tumbo limelegea kama la mtoto aliyelala. Niliingia. Nilisukuma taratibu kama nilivyofundishwa, nikasubiri, nikatoa, nikaweka pamba. Yeye bado alikuwa anatazama nje, machozi yanamshuka na hayafuti.

"Pale mpakani," alisema, "atakuwa yule msichana mrefu. Aliyekuwa anauma kucha." Kisha akashtuka, akatazama tumbo lake na mkono wangu. "Umeshachoma?"

"Zamani."

Aliinua pamba. Alikiangalia kile kitone kidogo cha damu, akakigusa kwa kidole, akabonyeza, akabonyeza tena pembeni. Uso wake ulikuwa na mshangao ambao nilikuwa nimeuona kwenye nyuso za watoto wa watu wengine utoto wangu wote, na kwake sikuwahi kuuona.

"Haikuuma," alisema.

"Haikuuma?"

"Haikuuma kabisa." Akashika mkono wangu, akaukaza. "Kumbe ni kweli haiumi! Watoto wote wale, wanatoka mlangoni wanawaambia mama zao haikuuma, na mimi nilidhani wananifariji. Mbona hukuniambia?"

"Mimi ningejuaje, Mamkubwa?" nilisema. "Mimi iliniuma kila mara."